Kugeli ya Tambi kwa Jiko la Mkaa

Pakiti ya tambi, mayai, sukari, mafuta na pilipili manga: hivyo ndivyo vinavyohitajika, na vyote unaweza kuvipata kwa mangi wa Ntalikwa bila kupanda bodaboda kwenda sokoni Tabora mjini. Naanza na mahitaji kwa sababu mtu akisikia chakula cha Kiyahudi kinachookwa, mawazo yanamkimbilia oveni ya umeme, jibini ya kopo na viungo vya kuagiza Ulaya. Oveni weka kando. Jibini, ukiitaka, utaigandisha mwenyewe kwa maziwa ya asubuhi. Na aliyewahi kuoka mkate wa mchele kwa kupalia moto juu na chini ameshajua sehemu ngumu kuliko zote.

Chakula chenyewe kinaitwa kugeli. Ni tambi zilizochemshwa, zikachanganywa na mayai, zikaokwa mpaka zikashikana kuwa kitu kimoja unachokikata vipande kwa kisu: juu na pembeni pakavu, pa rangi ya kahawia, ndani laini. Wenyewe ni Wayahudi wa Ulaya ya Mashariki, wa Poland, Lithuania, Ukraine na kwingineko, wale wanaoitwa Waashkenazi. Si kila Myahudi amekulia kugeli. Abayudaya wa vilima vya Mbale huko Uganda, jumuiya iliyoanza na Semei Kakungulu mwaka 1919, wanashika dini hiyo hiyo, lakini sahani hii si urithi wa bibi zao.

Ukitaka kuelewa kwa nini kugeli inapikwa jinsi inavyopikwa, anza na Sabato. Tangu jua linapozama Ijumaa hadi usiku unapoingia Jumamosi, Myahudi anayeshika sheria hawashi moto wala hapiki. Chakula cha Jumamosi mchana kinapaswa kuwa kimeshaivishwa Ijumaa, kikaachwa kwenye joto dogo. Wasabato wetu hawahitaji kuelezwa jambo hili, maana hata kwao Ijumaa ni siku ya maandalio. Katika miji midogo ya Poland akina mama walipeleka vyungu vyao kwenye tanuri la mwoka mikate Ijumaa alasiri, wakavifuata kesho yake. Chakula cha kukaa motoni usiku kucha lazima kiwe kivumilivu, na tambi zilizofungwa kwa mayai na mafuta ni vumilivu kweli. Kadiri zinavyokaa ndivyo zinavyozidi kukolea.

Tabora nayo imewahi kupitiwa na mtoto wa watu hao. Emin Pasha, aliyepandisha bendera ya Wajerumani Tabora mwaka 1890, alizaliwa mwaka 1840 mjini Oppeln, Silesia, katika familia ya Kiyahudi, akiitwa Eduard Schnitzer. Baba yake alifariki yeye akiwa bado mtoto, mama akaolewa na Mkristo, na mtoto akabatizwa. Jina la Emin alilichukua baadaye. Aliuawa Kongo mwaka 1892. Sitamtungia karamu ya kugeli chini ya mwembe wa Kwihara, jirani na mji. Kwa mpishi, cha maana zaidi katika njia ile ya misafara kutoka Bagamoyo hadi Ujiji ni ngano. Waarabu wa Unyanyembe walikuwa wakiilima hapa hapa katika karne ya 19 ili wapate mikate yao, na mpaka leo nyumba za Gongoni na Ng'ambo zinapika tambi za sukari na iliki siku ya Idi. Kwa hiyo mkono wa Tabora umeshazoea tambi. Tunachobadilisha ni hatua mbili tatu tu.

Kugeli ziko za namna nyingi, hata za viazi. Nitaeleza mbili za tambi, na ya kwanza ndiyo ninayoipendelea kwa mazingira yetu: kugeli ya Yerusalemu. Haina maziwa wala jibini. Utamu wake unatokana na sukari iliyounguzwa ndani ya mafuta, na ukali wake na pilipili manga nyingi. Inasemekana ilianzia kwa Wayahudi wa Ulaya ya Mashariki waliohamia Yerusalemu mwishoni mwa karne ya 18, na mpaka leo inauzwa huko kwa vipande siku za kuikaribia Sabato, pamoja na matango ya kuchachusha. Huku kwetu achari ya embe inafanya kazi hiyo vizuri zaidi, kwa maoni yangu.

Sasa tambi. Kwa kugeli ya Yerusalemu tumia zile nyembamba za pakiti. Hapa ndipo aliyezoea tambi za Idi anapokosea hatua ya kwanza: anazikaanga kavu mpaka zibadilike rangi kabla ya kutia maji. Usizikaange. Rangi ya kugeli inatoka kwenye sukari, na tambi iliyokwisha kukaangwa hainywi mayai vizuri. Chemsha maji mengi, lita 3 au 4 kwa gramu 400 za tambi, tia chumvi, subiri yachemke kwelikweli ndipo uzitumbukize. Koroga mara moja zisigandamane. Tambi nyembamba za dukani zinaiva upesi sana, dakika 3 au 4 zinatosha, na nyingine ukizisahau kidogo tu zinakuwa uji. Zitoe zikiwa bado na kiini kigumu kidogo katikati, maana zitaendelea kuiva motoni. Zimimine kwenye chujio, tikisa, kisha uziache zichuruzike hadi maji yaishe kabisa. Maji yanayobaki ndani ya tambi ndiyo yanayofanya kugeli ilegee, na hakuna yai litakalokuokoa. Zipake kijiko kimoja cha mafuta, zigeuze.

Ukiwa na muda, tengeneza tambi mwenyewe, na kwa kugeli ya maziwa nitakayoieleza mbele nakushauri ufanye hivyo. Mabibi wa Poland walizisukuma kwa mkono, na asiyeweza kazi hiyo hapa ni yule tu asiyejua kusukuma chapati. Chukua gramu 250 za unga wa ngano, mayai 3 ya kisasa au 4 ya kienyeji, na nusu kijiko cha chai cha chumvi. Maji usitie, ukiona donge linakataa kushikana, lowanisha viganja tu. Donge litakuwa gumu kuliko la chapati na litakuchosha mkono. Kanda dakika 10, lifunike kwa kitambaa chenye unyevu, liache nusu saa lilegee. Ligawe mafungu manne. Sukuma kila fungu juu ya kanga safi iliyonyunyiziwa unga, ukilizungusha kila mara, mpaka uanze kuona maua ya kanga kwa upande wa chini. Hapo umefika. Tandaza kwenye ungo kivulini dakika 15 hadi 20 mpaka likauke juu bila kuwa gumu. Kiangazi cha Tabora kinakausha haraka, kwa hiyo usiondoke, na funika kwa chandarua au kitambaa chepesi kwa sababu ya vumbi. Kisha viringisha kama mkeka na ukate kwa kisu kikali vipande vya upana wa nusu sentimita. Zifumue kwa vidole. Zikichemshwa mbichi hivi zinaiva kwa dakika 2 hadi 3.

Kuhusu mayai, pasua moja moja kwenye kikombe kabla ya kulichanganya na mengine. Mpishi wa Kiyahudi hufanya hivyo kwa sababu ya dini: yai lenye doa la damu haliliwi. Sisi tunaofuga kuku wa kienyeji tuna sababu ya ziada, na kila aliyewahi kupasua yai lililokwisha kulaliwa anaijua.

Vipimo vya kugeli ya Yerusalemu ni hivi: tambi gramu 400, mafuta nusu kikombe, sukari robo tatu ya kikombe, mayai 4 ya kisasa au 6 ya kienyeji, chumvi kijiko cha chai kimoja, pilipili manga vijiko vya chai viwili. Anayependa utamu zaidi afikishe kikombe kizima cha sukari. Pilipili manga usipunguze. Nunua punje, uzitwange mwenyewe kwenye kinu kidogo siku hiyo hiyo. Ile ya unga iliyokaa dukani muda mrefu imebaki na weusi tu, harufu imeshaondoka. Mafuta ya alizeti kutoka Singida ndiyo yanayofaa. Mawese ya Kigoma yana ladha yake yenyewe na yataipiga vita pilipili. Samli nayo haifai hapa kwa sababu nitakayoieleza.

Kazi yote ya kugeli hii iko kwenye sukari, kwa hiyo simu iweke mbali na watoto uwatoe jikoni. Sukari iliyoyeyuka ni moto kuliko maji yanayochemka, na ikidondokea ngozi haichuruziki, inaganda pale pale. Tumia sufuria nzito na kubwa itakayotosha tambi zote. Pasha mafuta kwa moto wa wastani, mimina sukari, itandaze chini kwa mwiko wa mti. Mwanzoni utadhani umeharibu: sukari inakaa chini, mafuta yanaelea juu, haviingiliani. Subiri. Baada ya dakika chache pembeni panaanza kuyeyuka, sukari inafanya madonge, madonge yanakuwa manjano, kisha yanalegea. Koroga polepole. Mafuta hayataingia ndani ya sukari hata ukoroge vipi, na hakuna ubaya.

Unachongoja ni rangi, na rangi ina nafasi finyu sana. Ikiwa ya dhahabu, kugeli itakuwa tamu tu, isiyo na maana. Ikiwa nyeusi na moshi mkali unachoma macho, itakuwa chungu. Imwage, uanze upya, kwani sukari ya robo tatu kikombe ni hasara ndogo kuliko sufuria nzima ya tambi. Unataka kahawia iliyokolea yenye wekundu, na harufu iwe imeshaacha kuwa ya pipi na kuanza kuwa na ukali kidogo. Kwenye jiko la mkaa rangi inasonga haraka mwishoni, kwa hiyo epua sufuria rangi ikiwa imebakiza hatua moja. Joto la sufuria litaimalizia.

Mama mmoja wa jirani, mtu mzima anayepika kwenye maharusi ya pale Ntalikwa, alisimama mlangoni akaangalia shughuli hii mpaka akashindwa kunyamaza.

"Mwanangu, sukari unaiunguza makusudi?"

"Ndiyo, mama. Ndiyo inayotoa rangi."

"Na hiyo pilipili manga ni ya nini? Ya nyama?"

"Ya hizi hizi tambi."

Akavuta kigoda akakaa. Aliyekuja kuazima chujio alibaki mpaka kugeli ikaiva, na shauri lake kuhusu majivu utalikuta hapa chini.

Tia tambi ndani ya sukari kwa mafungu, ukisimama mbali kidogo, mkono ukiwa umezungushiwa kitambaa. Zitalia, mvuke utapanda, na sukari itakuwa ngumu papo hapo, imejishika kwenye tambi kwa vipande vinavyong'aa. Wengi wanaona hapo wamefeli. Hawajafeli. Rudisha sufuria kwenye moto mdogo, geuza kwa miko miwili, ukiinua tambi kutoka chini kuja juu, na vipande vile vitayeyuka kimoja kimoja. Donge likikaidi, nyunyiza robo kikombe cha maji ya moto na ufunike dakika 2. Ukiona tambi zote zimekuwa na rangi moja, epua.

Sasa ngoja. Mayai yakiingia kwenye tambi za moto yataiva vipande vipande na hayatafunga kitu. Acha robo saa, mpaka uweze kushika tambi kwa mkono bila kuurudisha. Tia chumvi na pilipili kwenye tambi, kisha piga mayai, mimina, changanya hadi kila uzi ulowe. Onja kabla ya kutia mayai kama huwezi kuvumilia. Pilipili inapaswa kukugusa kooni baada ya utamu kupita.

Tukija kwenye moto: mkaa wa miti ya miombo ni mzito na moto wake ni mkali, jambo zuri kwa maharage na baya kwa kuoka. Washa mapema, uache wote uwe mwekundu na ushike majivu juu yake. Kaa linalotoa moshi litaipa kugeli yako harufu ambayo haitoki. Kisha gawa: sehemu moja chini, sehemu mbili juu. Chini wacha vipande vidogo vinne au vitano, uvipange pembeni, katikati pabaki wazi, na uvimwagie majivu hadi usiuone wekundu. Majivu hayo ndiyo shauri la yule mama, na yanatofautisha sakafu ya kahawia na sakafu ya makaa. Mfuniko uwe bapa wenye ukingo. Wa mviringo unaangusha makaa. Watu wengi wanatumia sinia kuukuu la bati, nalo linafaa kuliko mifuniko mingi ya dukani.

Kabla ya kumimina tambi, pasha sufuria ya kuokea ikiwa na vijiko vitatu vya mafuta, uizungushe mafuta yapande pembeni. Yakiwa moto kweli mimina mchanganyiko, na lazima usikie mlio. Mlio huo ndio ganda linaanza kushika. Sawazisha juu kwa mwiko, funika, weka makaa juu, mengi pembeni na machache katikati. Usifunue kwa dakika 20 za mwanzo. Ukifunua, puliza kwanza majivu kutoka ukingoni, inua mfuniko wima kwa koleo, usiuinamishe, la sivyo utakula majivu. Ukiona juu bado ni peupe, makaa ya juu yamekufa, ongeza. Ukisikia harufu ya kuungua na juu bado, toa kaa moja au mawili chini. Kwa sufuria ya upana wa sentimita 22 hivi, itachukua kati ya dakika 45 na saa nzima. Chomeka kisu katikati. Kikitoka bila yai bichi, imeiva.

Wenye oveni ya umeme watumie nyuzi 180 kwa muda huo huo, na wasifunike. Wenye jiko la gesi peke yake wana njia nyingine: kikaango kizito, moto mdogo kabisa, funika dakika 25, kisha weka sahani juu, pindua, uirudishe upande wa pili dakika 15. Haitakuwa ndefu kwenda juu, ila itakuwa na ganda pande mbili, na wapo watakaoipenda zaidi hivyo.

Na ile ya usiku kucha? Inawezekana. Wayahudi wanaiacha kwenye joto dogo sana hadi asubuhi, ikatoka ya kahawia mpaka ndani. Kwa mkaa, ioke kwanza kikamilifu, kisha fukia makaa mengi kwenye majivu chini na juu ya sufuria iliyofunikwa vizuri. Lakini jiko liwe nje, barazani au kwenye jiko la uani lenye hewa, kamwe lisiwe ndani ya chumba watu wanamolala. Mkaa uliofukiwa unatoa hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu, na inaua watu usingizini. Kama huna mahali pa nje palipo salama, ridhika na ile ya saa nzima.

Kugeli ya pili ni ya maziwa, nayo ndiyo inayojulikana zaidi Marekani: tambi pana, jibini laini, maziwa ya kuganda, mdalasini, zabibu kavu. Hapa wapishi wengi wa Bara wanakwama kwenye jibini, bila sababu. David Livingstone, alipokuwa Kwihara mwaka 1872 akingoja wapagazi miezi kadhaa, alijitengenezea jibini za safari kwa maziwa ya ng'ombe. Hakuwa na dawa ya kugandishia, akayaacha maziwa yagande yenyewe, na joto la hapa liliyagandisha kwa nusu siku. Aliziona nzuri, ila chachu kidogo. Wewe fanya kwa usalama zaidi, kwa kuwa maziwa mabichi yanaweza kukuletea ugonjwa wa brusela. Chemsha lita 2 za maziwa, epua, ngoja dakika 2, mimina juisi ya ndimu vijiko vinne vya chakula huku ukikoroga taratibu. Yatakatika, maji ya kijani hafifu huku na madonge meupe huku. Yasipokatika ongeza kijiko kimoja cha ndimu. Mimina kwenye kitambaa safi chepesi, funga, kitundike kwenye msumari masaa mawili. Utapata jibini gramu 300 hivi au zaidi kidogo, kulingana na mafuta ya maziwa. Yale maji usiyamwage, kandia chapati.

Chemsha tambi zako za kusukuma, zote zilizotoka kwenye ule unga wa gramu 250. Saga jibini kwa uma, changanya na kikombe kimoja cha mtindi mzito, mayai 4 ya kisasa, samli iliyoyeyushwa vijiko vinne vya chakula, sukari nusu kikombe, nusu kijiko cha chai cha chumvi, na kijiko kimoja cha chai cha mdalasini. Zabibu kavu ukizikosa, mimi natia matobolwa. Viazi vitamu vilivyochemshwa na kukaushwa vina utamu wa kutafunika ambao zabibu hazina. Viloweke kwenye maji ya moto mpaka vilegee, vikaushe, uvikate vidogo vidogo. Michembe usitumie, hiyo ilikaushwa bila kuchemshwa na itabaki ngumu. Embe bivu nalo liache, hata msimu ukiwa umefurika, maana linatoa maji.

Moto wa kugeli ya maziwa uwe mpole kuliko wa kwanza, kwa kuwa maziwa yanaungua haraka. Sufuria ipakwe samli, mchanganyiko uingie bila kungoja mlio. Dakika 45 hadi 50. Ikitoka inakuwa imevimba na katikati inatikisika kidogo, itatulia. Asali ya miombo mwagia mezani, si kabla ya kuoka. Motoni asali inaungua mapema kuliko sukari, na ile harufu ya misitu uliyoilipia inaishia hewani.

Hapa ndipo ninapofikia ile sababu ya kukataa samli kwenye kugeli ya Yerusalemu. Sheria ya chakula ya Kiyahudi, kosheri, hairuhusu nyama na maziwa katika mlo mmoja, na samli ni maziwa. Kugeli ya mafuta ya alizeti inaweza kukaa mezani na kuku wa kienyeji au nyama ya kukausha. Kugeli ya maziwa inaliwa peke yake, kwa chai au kwa saladi, na nyama inangoja mlo mwingine. Nyumba isiyofungwa na sheria hiyo ina hiari yake, lakini mgawanyo huu unaingia akilini hata kwa mlaji wa kawaida: sukari iliyounguzwa na pilipili zinaipokea nyama, jibini na mdalasini haziipokei. Na kama unamkaribisha mgeni anayeshika kosheri sawasawa, jua kwamba hata ukifuata kila neno hapa hatakula kwenye sufuria iliyowahi kupikiwa nyama na maziwa kwa zamu. Mpe matunda, wala asionekane ana dharau. Kwa Waislamu, hakuna kilichotajwa hapa kilicho haramu.

Ikishaiva, pumzisha dakika 20 kabla ya kukata. Ukiikata ya moto itasambaratika na utalaumu mayai. Pitisha kisu pembeni, funika sufuria kwa sinia, pindua kwa mkupuo mmoja. Kwa bahati mbaya kipande kikibaki chini, kirudishe mahali pake na utoe upande mzuri mbele za watu. Kipande kilichobaki chini mara nyingi ndicho kitamu kuliko vyote, na mpishi ana haki ya kukila jikoni.

Kugeli ya maziwa imalizeni siku hiyo hiyo kama hakuna friji. Ile ya Yerusalemu, iliyofunikwa mahali penye ubaridi, inafika asubuhi: kata vipande vya unene wa kidole, vikaange kwenye mafuta kidogo pande zote mbili mpaka vipate joto hadi ndani, na uvinywee chai ya rangi isiyotiwa sukari.